Mtazamaji wa Saa Mbili

11 Februari

Mdogo wangu Kinyozi,

Hujambo? Baba hajambo? Mimi mzima, ila mafua ya hapa na pale, maana chumba chetu cha habari wanakiweka baridi utadhani wanahifadhi samaki.

Utashangaa kupata barua, tena ya mkono. Simu yangu siku hizi ina wasikilizaji wengi kuliko kipindi changu. Nikipiga nasikia mtu anameza mate, na najua si wewe. Kwa hiyo kwenye simu tuongee mvua na bei ya sabuni, mengine yote yaje kwa karatasi. Dereva wa basi la alfajiri ni mtu wangu. Aliwahi kusimama mbele ya kamera yangu kulalamikia barabara, na tangu siku hiyo ananiita shemeji bila sababu yoyote. Atakuletea bahasha hadi kibandani kwako. Ukijibu, mpe yeye.

Mtakuwa mmeona sikuwepo kwenye kipindi wiki hii. Msiwe na wasiwasi, ni mambo ya zamu tu. Wamemweka yule binti mpya apate mazoezi, nami nafanya kazi za ndani kidogo. Mwambie Baba nimepumzika, asije akadhani naumwa.

Nawakumbuka, Kinyozi. Siku hizi natoka kazini jua lingali juu na sijui niende wapi na jua lote lile. Nilipokuwa hewani kila siku sikuwa na nafasi ya kuwakumbuka vizuri. Sasa ninayo, na sijaipenda.

Mnyoe Baba sawasawa, usimwachie vile vinywele vya nyuma ya masikio.

Dada yako


26 Februari

Dada,

Shikamoo. Barua imefika ikinuka dizeli. Huyo shemeji yetu wa bandia kanikabidhi mbele ya wateja, kibanda kizima kikadai nisome kwa sauti. Nikawaambia ni ya bima, wakachoka wenyewe. Sisi wazima. Jirani yetu Mama Pacha anakusalimu sana. Pacha mmoja meno ya mbele yamemtoka, na mwenzake analia kutwa kwa wivu, anataka naye atolewe.

Huku umekuwa mtu mkubwa. Mtu akipotelewa na kitu, anauliza kwa ile sauti yako. Juzi mteja kaweka kofia dirishani, kuinuka haioni, basi kibanda kizima kwa pamoja: "Mheshimiwa Waziri, vitanda vimekwenda wapi?" Tulicheka mpaka mashine ikaniponyoka, na mzee wa watu akaondoka na njia kichwani ambayo hakuiagiza. Hakuna asiyekumbuka. Waziri anakwambia wodi mpya ya wazazi imejaa vitanda, wewe unamwonyesha picha za wodi ile ile, tupu, wiki moja tu baada ya yeye kukata utepe. Alivyokutolea macho! Lakini Dada, hiyo ndiyo siku ya mwisho tuliyokuona. Ndiyo hayo "mambo ya zamu"? Nauliza tu.

Baba hajambo. Anazeeka. Unamjua, refa akistaafu miguu ndiyo inayostaafu. Saa mbili ya usiku ikikaribia anadai shati, anataka vifungo vyote hadi cha kooni, anakaa mbele ya televisheni na sahani yake. Ukianza wewe, anaanza kula. Mwanasiasa akikukatiza, mkono unapanda juu: "Kadi hiyo!" Sasa anamkuta yule binti. Siku ya kwanza aliuliza kama umetolewa kwa kuumia. Siku ya pili alizima. Siku hizi sahani inarudi jikoni kama ilivyokwenda.

Nilijaribu ujanja. Mteja mmoja akanitafutia vipindi vyako vya zamani, nikavichomeka saa mbili juu ya alama, muziki na kila kitu. Baba akatazama kidogo, akapunga mkono. "Hii ya marudio," akasema. "Matokeo nayajua." Akaenda kulala.

Unarudi lini? Nipe tarehe nimwambie.

Mdogo wako,
Kinyozi


19 Machi

Mdogo wangu,

Salamu nyingi kwako na kwa Baba, na umpe pole yule pacha mwenye meno yake yote. Nilicheka peke yangu kwa ajili ya ile kofia, hadi jirani wa chumba cha pili akagonga ukuta. Baadaye nikalia, akagonga tena. Mtu yule hapendi chochote.

Haya, umeuliza. Walinitoa kesho yake asubuhi. Mhariri mkuu, yule tunayemwita Miwani kwa sababu anaivaa kichwani halafu anaitafuta mezani, aliniita akafunga mlango. Akanipa karatasi. Maneno machache tu: kwamba kituo kilipata taarifa ambazo hazikukamilika, kwamba vitanda vilikuwa vimetolewa kwenda kusafishwa, kwamba mimi naomba radhi kwa waziri na kwa watazamaji wote. Nisome mwenyewe, nikiitazama kamera, maana kwetu desturi ni kwamba aliyesema ndiye anayefuta. Nikisoma Jumatatu, Jumanne niko kwenye kiti changu.

Kinyozi, nilikuwepo. Mimi na mpigapicha wangu tulijibanza kwenye gari ng'ambo ya geti la hospitali, tukaviona vitanda vinapakiwa kwenye lori, bado vina plastiki yake, vinarudishwa hospitali nyingine walikoviazima kwa ajili ya sherehe. Nani anasafisha kitanda ambacho hakijavuliwa plastiki?

Sikusoma. Wamenihamishia chumba cha kumbukumbu. Natazama kanda za zamani na kuziandikia majina: waziri anapanda mti, waziri mwingine anapanda mti mwingine. Hakuna dirisha. Saa mbili ikifika nasikia muziki wa kipindi changu ukipita kwenye dari, na mwili unajiweka sawa wenyewe. Mgongo unanyooka, mkono unapapasa nywele. Halafu nakumbuka niko wapi. Hujui ninavyokitamani kile kiti. Hakuna mwanamume niliyewahi kumtamani namna hiyo, na hilo usimwambie mtu.

Kwa hiyo tarehe sina. Mwambie Baba nimekaa benchi kwa muda, ataelewa. Anakula?

Dada yako


5 Aprili

Dada,

Shikamoo. Mvua zimeanza, kibanda kinavuja juu ya kiti cha pili, na wateja wanagombania cha kwanza kama wanagombania ubunge. Mama Pacha hajambo.

Nimemwambia Baba umekaa benchi. Akauliza kocha ni nani. Nikasema anaitwa Miwani. Akasema kocha asiyeona uwanja afukuzwe, tena leo.

Sasa nitasema, na sitakupaka mafuta. Soma, Dada. Soma hiyo karatasi yao. Ni maneno ya dakika moja. Nani atayaamini? Huku mtaani hayupo. Watasema, "Wamembana dada wa watu," watatikisa vichwa, na Jumanne watarudi kukutazama. Baba mwenyewe si aliwahi kufuta goli? Ile fainali, tumekaa na Mama juu ya ukuta wa uwanja, wewe umenishika mkanda wa kaptula nisianguke. Alishapuliza filimbi, watu wameshakumbatiana, akaenda kumsikiliza mshika kibendera, akarudi katikati, akalifuta mbele ya uwanja mzima. Wakamrushia chupa. Alipungua nini? Mpaka leo anaitwa Refa.

Kuna jambo sijakwambia. Mkanda wa Baba nimeutoboa tundu jipya, na si mara moja. Napondaponda chakula, nabembeleza, naimba kama mwendawazimu, naye amefunga mdomo anatazama kioo cha televisheni. Mimi ndiye ninayemwogesha. Mimi ndiye ninayelala mlango wazi nimsikie akikohoa. Anayesubiriwa ni wewe. Sina wivu. Basi, kidogo ninao.

Soma, nakuomba. Kila Jumanne ikifika nawasha televisheni kukutafuta.

Mdogo wako,
Kinyozi


30 Aprili

Kinyozi,

Salamu. Mimi mzima. Nafurahi mvua zimefika.

Baba alilifuta lile goli kwa sababu halikuwa goli. Mpira uligusa mkono, mshika kibendera akaona, Baba akasikia, akafuta. Langu lilikuwa goli. Unataka nisimame katikati ya uwanja niwaambie watu wavu ulikwenda kusafishwa.

Unasema mtaani hawataamini. Kuna mwanamke nilimhoji kwenye wodi ile. Alijifungulia sakafuni, juu ya shuka aliyokuja nayo kutoka kwake. Alikuwa anaogopa, lakini akakubali tuonyeshe uso wake. Aliniambia, "Wewe nakuona kila siku, nakuamini." Nikisoma ile karatasi, mwongo atakuwa yeye, na sura yake kila mtu anaijua. Mimi nitakuwa kwenye kiti cha kuzunguka, nimepakwa poda.

Na wewe unaniandikia habari za mkanda. Unadhani sitaki kuwemo kwenye kile chumba saa mbili? Unadhani kuna mzee anafungwa vifungo kwa ajili yangu na mimi naona ni jambo dogo? Nimelia mpaka macho yamevimba, kesho yake kazini nikasema ni vumbi la kanda. Usiniandikie tena habari ya mkanda. Au niandikie. Sijui.

Jaribu maziwa. Zamani alikuwa hayakatai.

Dada yako, ambaye hatasoma


2 Julai

Dada,

Shikamoo. Mei imepita, Juni imepita, na kila asubuhi dereva akipita kibandani ananionyesha viganja vitupu. Anaona aibu kuliko mimi. Nami niliandika barua mbili nikazichana. Ya kwanza ilikuwa ya hasira. Ya pili ilikuwa ya hasira pamoja na salamu.

Baba hajambo. Pacha wa pili naye meno yamemtoka, amani imerejea. Kibanda nimekiezeka upya.

Kuna saluni kubwa huko uliko wananitaka, mteja wangu mmoja alinipigia debe. Nimekataa, bila shaka. Nakwambia kama habari tu.

Andika hata neno moja. Miaka yote nilikuwa nakusikia kila jioni ukiwasalimu watu wote, nami nikijihesabu ndani yao, ndiyo maana sikuwahi kulalamika kwamba huji. Sasa kioo kimenyamaza na barua zimenyamaza. Nimekukumbuka mpaka naona haya.

Kinyozi


15 Julai

Kinyozi, mwana wa mama yangu!

Hujambo, hujambo, hujambo? Nisamehe ukimya. Nina habari.

Nimeacha kazi. Unga nimeumwaga mwenyewe, hakuna aliyenisukuma. Miwani aliniletea ile karatasi mara ya mwisho, safari hii wameipunguza maneno, kama mtu anayeshusha bei jioni sokoni. Nikampa barua yangu ya kuacha kazi. Akaanza kutafuta miwani aisome. Nikamwonyesha ilipo, kichwani. Tukacheka wote wawili, halafu akanishika mkono akawa hauachii. Si mtu mbaya. Ameogopa tu, na ameogopa muda mrefu.

Nikarudi chumbani, nikakaa kitandani, nikajiuliza swali la kijinga: kwa nini Baba anione kwenye kioo wakati nina miguu? Nchi nzima naiambia "karibuni", na nyumbani kwetu sijakanyaga tangu tumzike Mama. Kila mwaka kulikuwa na uchaguzi, au bajeti, au mtu amejiuzulu. Nakuja. Nitakaa kwenye stuli karibu na kiti chake, saa mbili hiyo hiyo, bila poda, anishike mkono anione nilivyozeeka. Kila nikifumba macho naona hicho tu.

Na wewe utakwenda saluni, mjinga wewe. Unadhani ile "habari tu" yako niliiruka? Chumba changu kimelipiwa hadi mwisho wa mwaka. Funguo nakuletea mkononi.

Baba usimwambie. Nataka nimwone uso mlango ukifunguka. Usinijibu, mwisho wa mwezi tunaonana.

Dada yenu


24 Julai

Dada,

Shikamoo. Naandika nimesimama, basi linanguruma. Sisi wazima, salamu zimeisha, nisikilize.

Ahirisha kwanza safari. Nilikuwa nakuandikia "Baba hajambo" kwa kuwa ni neno linaloingia kwenye barua bila kuleta matata. Mwili ndio haujambo. Dada, Baba hanijui. Tangu mwaka jana hanijui. Ananiita Kibendera, anadhani mimi ni msaidizi wake wa pembeni, na siku akiwa na furaha ananisifu kwa kuona ofsaidi. Mama Pacha kwake ni Daktari. Picha ya Mama pale ukutani anaiamkia shikamoo.

Katika watu wote alibaki anamjua mmoja, na huyo alikuwa kwenye kioo, saa mbili. Alikuwa akimshika mkono yeyote aliyepo anamwambia, "Yule binti yangu." Ndiyo maana nilikubana usome. Nilitaka abakiwe na mtu.

Ningekwambia mapema ungekiacha kiti ukakimbilia huku. Basi sikusema, na kiti umekiacha vilevile. Ukija bila kioo sijui atakuona nani. Nipe muda nimzoeze, nimwonyeshe picha zako. Naogopa kwa ajili yako. Tafadhali usiufungue mlango huu ukiwa na uso wa furaha.

Honi inalia.

Kinyozi


20 Septemba

Dada,

Shikamoo, kutoka chumbani kwako. Mimi mzima. Yule jirani wa ukutani tumepatana, namnyoa Jumapili bila malipo, ugomvi umekwisha. Ana upweke tu, kama mimi. Saluni ina viti vinavyopanda na kushuka, lakini wateja hawaongei. Wanatazama simu kuanzia wanapokaa hadi ninapowapangusa shingo. Naongea peke yangu kama redio.

Siku ya kwanza nilipoufungua mlango wako nilikanyaga bahasha. Barua yangu. Dereva kaipitisha chini ya mlango, nawe umeshaondoka mapema kuliko ulivyoniandikia. Kumbe hukuisoma, na muda wote ule nilidhani uliisoma ukaamua kuja tu. Nikakaa kitandani kwako nikaisoma mimi.

Kila nikishika kichwa cha mtu naiona ile jioni. Umesimama mlangoni na begi, meno yote nje. Baba anainuka kwa adabu zake zote, anakupa mkono. "Karibu, mgeni. Kaa. Binti yangu anaanza sasa hivi." Nawe ukakaa. Ulimngoja alale ndipo ukaenda kulia kibandani kwangu gizani, na mimi nikashindwa kukufuata. Kisha ukanifukuza nije huku, ukanisindikiza stendi bila kunitazama. Nilidhani umenikasirikia. Hukuwa umenikasirikia, eti?

Nilidhani nikitoka nitapumua. Napumua, lakini saa mbili ikifika sina wa kumfunga vifungo, na mikono haina kazi.

Anakula? Amekujua? Hata kidogo, hata kwa bahati mbaya? Niambie kweli. Usiniandikie "hajambo".

Mdogo wako,
Kinyozi


8 Oktoba

Mdogo wangu,

Marahaba. Wateja wako wanakulilia, fundi uliyemwachia kibanda ana mkono mzito, na mtaa umejaa watu wenye vichwa vya kusikitisha. Mama Pacha anakusalimu. Sikukukasirikia. Ningekutazama pale stendi nisingekuacha upande basi.

Umetaka kweli. Hanijui. Ananiita Mgeni. Mgeni, chai. Mgeni, funga dirisha. Mgeni, kwenu hawakutafuti? Agosti yote nilijaribu kila kitu. Nilimwonyesha picha, nikamwimbia alivyokuwa akituimbia Mama, nikamfunulia lile kovu la goti alilonifunga bandeji yeye mwenyewe. Alilitazama kwa huruma akaniambia nitafute dawa nzuri. Saa mbili namfunga vifungo, yule binti anatokea, uso wa Baba unaanguka, sahani inarudi jikoni. Siku moja uchungu ulinizidi, nikaenda kusimama mbele ya televisheni kabisa, nikamtazama machoni kama ninavyoitazama kamera. Akasema kwa upole, "Mgeni, sogea, unaniziba." Nikasogea.

Mwezi uliopita umeme ulikatika muziki wa kipindi ukiwa ndiyo kwanza umeanza. Giza totoro. Nikamsikia anapapasa kiti, anahema, anauliza nani kazima taa za uwanja. Nikaogopa atainuka aanguke. Mdomo wangu ukafunguka wenyewe. "Habari za jioni, na karibuni kwenye kipindi." Ile sauti ya kazini, Kinyozi. Sikuwa nimeitumia tangu Februari.

Akatulia. Nikaendelea, maana hewani hakuna kunyamaza. Nikatoa habari nilizokuwa nazo: umeme umekatika mtaa mzima na wahusika hawajasema kitu. Bomba la kwa Mama Pacha linavuja tangu Jumatatu. Diwani alitangaza taa za barabarani. Nimepita leo mwenyewe, nguzo zipo, taa hakuna, na tunamwuliza zimekwenda wapi. Gizani nikasikia kiti kinalia, mkono umepanda. "Kadi!" akasema. Kisha, taratibu, kama anayejisemea, "Hii ya leo."

Nikamwekea sahani mapajani. Akala, Kinyozi. Alikula chote. Mimi natangaza, machozi yananiingia mdomoni, na sauti haikutikisika, angalau kazi ile imenifunza hilo. Niliponyamaza kuvuta pumzi akaniinamia, akaninong'oneza kama anayemweleza mtu wa kuja, "Huyo ni binti yangu. Yuko mbali sana. Lakini haachi kuja."

Nikamwuliza kwa sauti yangu ya kawaida, hiyo ya Mgeni, "Unamkumbuka?"

"Ndiyo maana nakaa hapa," akasema. "Sasa nyamaza, tumsikilize."

Tangu siku hiyo kila jioni nachomoa waya wa televisheni na kuzima taa, naketi nyuma kidogo ya kiti chake. Mchana nazunguka mtaani kutafuta habari mpya, maana marudio hayataki. Nimeshamhoji diwani mara mbili, ameanza kunikimbia. Baba mashavu yamerudi. Mimi sijambo, na sikudanganyi.

Msalimie jirani. Na ukitaka kunipigia simu, piga asubuhi au mchana, hata ya mvua na sabuni. Saa mbili usipige, nitakuwa hewani.

Dada yako